Sauti Iliyobaki Mwishoni mwa Kaseti

Zaina mwanangu,

Nianze na lililo baya, ili ujue tangu mwanzo unasoma barua ya mtu wa namna gani. Nakuonea wivu. Nasema wivu wenyewe, ule wa kumkosesha mtu hamu ya kula, ule unaonifanya nizime redio ukianza kuimba kisha niiwashe tena kuona kama wimbo umekwisha. Mama hapaswi kumwandikia binti yake hivyo siku moja kabla ya safari, najua. Lakini nikikuandikia mengine kabla ya hili, nitakuwa nakudanganya, na uongo niliokwambia tayari unatosha.

Umekwenda kuwaaga shangazi zako, na ninavyowajua hawatakuachilia kabla ya alasiri, kwa hiyo nina nafasi. Nimekaa mlangoni mwa jiko, karatasi iko juu ya ungo. Begi lako naliona kutoka hapa, limefungwa. Mambo ya safari baba yako atakuambia, na atakuambia mara tatu: pikipiki ya nani, ulale wapi Kabambare, usile nini Baraka, nani atakupokea Kigoma ukivuka ziwa, na treni ya Dar inaondoka siku gani. Sina la kuongeza hapo. Mimi nina jambo moja tu, na nimelificha kwa muda unaozidi umri wako.

Siku ile ulipohojiwa redioni nilikuwa dukani kwa baba yako nikichambua mchele. Wanawake wawili walikuja kununua sabuni, wakasikia jina lako, wakavuta kigoda. Mtangazaji akakutambulisha kwa mbwembwe zake zote. Mwanamke wa kwanza wa Maniema kuimba panki, tena ile ngumu wanayoiita hadkoo, ya kupiga kelele mpaka mishipa ya shingo inasimama. Wa kwanza. Alilirudia neno hilo kana kwamba amelilipia. Kisha akakuuliza nani alikufundisha, nawe ukamjibu. Maneno yako ninayo yote kichwani: "Mwalimu wangu ni mwanaume mumoja, jina simujui. Sauti yake iko mwisho ya kaseti ya arusi ya wazazi wangu. Nilianza kumusikia tangu nilikuwa mutoto."

Ukaeleza kwamba mawaidha ya shehe yakiisha, kuna mtu anapiga kelele, dakika haifiki, anauliza kitu kimoja tu tena na tena: natwanga mawe, unga wa nani? Ukasema wimbo wako, huu ambao sasa hata waendesha pikipiki wa Kasongo wanauimba wakisubiri abiria, umetoka hapo. Ukamshukuru mtu huyo popote alipo, ukamwombea kama amekufa.

Wale wanawake walinitazama wakingoja nifurahi. Mmoja akasema mtoto wako sasa ni mtu mkubwa. Nikaitikia ndiyo, nikaumwaga mchele uliochambuliwa juu ya ule ambao haujachambuliwa, nikaanza upya.

Zaina, mwanaume huyo ni mimi.

Unajua kwamba nilizaliwa Lusangi, kwamba nilikuwa Mkristo kabla ya kuolewa, na kwamba bibi yako hata leo ananiita Feza ingawa hapa mjini kila mtu ananijua kwa Hadija. Unajua pia nilifanya kazi Salamabila, kwa sababu nilikuambia nilikuwa napika kwenye machimbo ya zahabu. Ni kweli nilipika. Niliishia hapo kusema kwa sababu kupika hakuna mtu anayekuuliza zaidi.

Nilikwenda huko na mama mdogo, nikiwa na umri kama wako, pungufu kidogo. Asubuhi tulitwanga mawe yaliyotoka shimoni mpaka yawe unga, ili waoshe na kutoa zahabu. Mchana tulipika. Tulikuwa wanawake watatu kwenye kinu kimoja cha chuma, michi ikipishana haraka kiasi kwamba ukichelewa kidogo tu unavunja vidole vya mwenzako. Ule mwendo wa mbio ambao mpiga ngoma wako anajivunia kuupata kwenye simu, mimi nilikuwa naufanya kwa mikono kabla ya kifungua kinywa.

Kuzunguka kila shimo kulikuwa na kamba, na mwanamke haivuki. Watu wa machimbo wanaamini kwamba mwanamke akikaribia mdomo wa shimo zahabu inakimbia, inaingia ndani zaidi ya ardhi, na waliokesha chini huko wanatoka mikono mitupu. Usicheke. Hata mimi niliamini, na nikiona msichana mgeni anaikaribia kamba nilikuwa wa kwanza kumfukuza. Tukileta chakula tulisimama nje ya kamba na kuita. Sasa pampu ya kutoa maji shimoni ilikuwa inanguruma pale pale, kwa hiyo kuita kwa kawaida hakukusaidia kitu. Wenzangu waliita mpaka ugali ukapoa. Mimi nilipiga kelele mara moja nikasikika mpaka chini. Wachimbaji walinijua kwa sauti kabla hawajanijua kwa sura. Walisema chakula cha yule mkali kimefika.

Fundi wa pampu aliitwa Lubunga, mtu wa upande wa Kongolo. Alikuwa na gitaa la umeme alilolitengeneza mara nyingi sana, sidhani kama lilibaki na kipande kimoja cha kwanza. Alikuwa na kaseti pia, haina jina wala picha, alipewa na dereva wa lori. Ndani yake wazungu wanapiga kelele, na kila wimbo unakwisha kabla hujaelewa wamekasirikia nini. Watu walimcheka nayo. Siku moja alinisikia naita chakula, akatoka nje ya kamba akanijia na mikono imejaa grisi, akaniambia, "Weye na hawa wazungu muko ndugu." Nilimtukana. Kesho yake nikamwomba nisikie hiyo kaseti.

Shimo likifikia mwamba wenye zahabu, mwenye shimo, ambaye huko wanamwita pedeje, anafanya sherehe pale pale kwenye mdomo wa shimo. Lubunga alimsumbua pedeje wetu mpaka akakubali tupige siku hiyo. Shida ya kwanza ilikuwa pampu. Ikinguruma hakuna anayesikia kitu, na ikizimwa maji yanapanda na kazi ya wiki nzima inazama. Tukapatana hivi. Mchimbaji mmoja alikaa kwenye ngazi ndani ya shimo akitazama maji. Pampu inazimwa, tunapiga. Maji yakifika kwenye kijiti cha tatu cha ngazi, anapiga filimbi, tunakata hapo hapo hata kama neno liko mdomoni, pampu inawashwa. Maji yakishuka tunaanza mwingine. Nyimbo zetu zote zilikuwa na urefu wa maji. Wewe ulimwambia mtangazaji nyimbo zako ni fupi kwa sababu hasira haina maneno mengi. Ni jibu zuri, nami nilikuonea wivu kwa kulipata. Mimi ningejibu tu kwamba ni maji.

Shida ya pili ilikuwa mimi. Pedeje alisema, "Mwanamuke hapiti pa kamba, hata akiimba kama malaika." Basi Lubunga akaunga waya mrefu kwenye mikro, kile kipaza sauti chake. Waya ukavuka kamba, mimi nikabaki nje, nyuma ya turubai la jiko, katikati ya masufuria. Yeye akasimama mbele ya watu na gitaa lake. Nilipopiga kelele, yeye akafungua mdomo.

Naomba uisome tena sentensi hiyo, kwa sababu maisha yangu mengi yamo humo. Na usimlaumu yeye peke yake. Hakunilazimisha. Aliniambia, "Watu wanaamini yenye wanaona, Feza. Wakijua ni weye, siku zahabu itapotea watasema ni weye umeikimbiza." Niliona ni akili, nikakubali. Siku ya kwanza nilicheka nyuma ya turubai mpaka nikamwaga maharage. Siku ya pili sikucheka. Baada ya miezi michache kila shimo lilikuwa linatuita, watu wanatembea tangu asubuhi kuja kumwona Lubunga mwenye sauti mbili, moja ya kuongea na moja ya kuchana matanga. Wasichana walimletea samaki wa kuchoma. Samaki wenyewe nilikuwa nimewachoma mimi.

Ndipo nilipojuana na wivu, na tangu hapo hatujaachana. Nilimwonea wivu kwa jina lililoitwa, kwa macho ya watu, hata kwa jasho lake, kwa kuwa watu waliliona jasho lake na langu lilikauka kwenye moshi wa kuni. Wimbo wa unga wa nani niliutunga kwa ajili yake. Wachimbaji walidhani ni malalamiko dhidi ya pedeje. Ulikuwa unamhusu yeye, amesimama pale mbele anafungua na kufunga mdomo, na nadhani alijua.

Tulirekodi kaseti moja tu, nyimbo kumi na moja, pampu inanguruma kati ya wimbo na wimbo. Alinipa mimi niitunze, nafikiri ili ninyamaze. Nilivunja vile vipande viwili vidogo vilivyo juu ya kaseti, unajua, vile ambavyo ukivivunja hakuna awezaye kurekodi kitu kingine juu yake. Nilitaka ibaki. Kisha Lubunga akapata wazo la kwenda Bujumbura kutafuta studio, na akataka nifuatane naye. Nikamwuliza huko nitasimama wapi. Akasema kutakuwa na pazia.

Nilimwambia kama sauti ni yake basi aende nayo. Akaenda kweli. Mwaka uliofuata mtu alimwona Uvira akitengeneza redio za watu, kwa maana studio walimwomba afungue mdomo na hakuna kilichotoka. Niliposikia habari hiyo nilifurahi siku mbili. Siku ya tatu nikagundua kwamba Salamabila nzima bado inasema muziki ule uliletwa na Lubunga na ukaondoka na Lubunga. Na mimi nilikuwa nimenyamaza. Nilinyamaza ili kumkomoa, Zaina. Sikuimba tena hata kuosha vyombo. Nilifikiri ninamnyima kitu.

Baba yako alikuja kunichumbia nikiwa katika kimya hicho. Alikuwa mfanyabiashara kutoka Kasongo, mpole, mtu wa ukoo wa siku nyingi mjini, na mimi niliona mlango wa kutokea. Nilijiambia watu wale hawawezi kumpokea msichana wa machimbo aliyekuwa anapiga kelele nyuma ya masufuria. Nikasilimu kwa moyo wangu, hilo sijutii. Nikaitwa Hadija. Siku ya arusi baba yako mdogo alikuwa na kinasa sauti, anataka kurekodi mawaidha ya shehe, na mjini hakukuwa na kaseti hata moja kwa sababu barabara zilikuwa zimefungwa. Wakauliza nyumba hadi nyumba. Hakuna aliyeniuliza mimi. Mimi ndiye niliyefungua sanduku langu nikatoa yangu.

Palipovunjwa vile vipande nilitafuna karatasi nikapaziba, ili irekodi. Nakumbuka ladha ya karatasi ile. Nikampa, nikasema ni tupu.

Huko nyuma, kila Ijumaa, baba yako akiweka kaseti ile, mimi nilikuwa nahamia jikoni. Nilidhani nahama kwa sababu ya kazi.

Sasa nifike kwako, maana yale ya zamani ni dhambi nilizojitendea mwenyewe, na haya mawili nimekutendea wewe.

La kwanza. Ulipoanza kuimba na wale vijana wawili kwenye ghala la nyuma, nilijua katika wiki ya kwanza kwamba unaimba kwa koo. Nilisikia kutoka hapa nilipokaa sasa. Nilijua kwa nini Jumatatu ulikuwa huongei, kwa nini ulikunywa maji kwa kukunja uso, na siku ulipotema kitu kwenye kitambaa ukakificha, nilijua ni kitu gani bila kukifunua. Mimi nilitema damu hivyo hivyo kwenye majivu ya jiko, mwaka wangu wa kwanza. Nilikuchemshia tangawizi. Miaka mitatu nimekuchemshia tangawizi, watu wakanisifu jinsi ninavyokutunza, na wakati wote huo nilikuwa na dawa yenyewe kifuani na sikukupa. Kuna siku nilisema moyoni, acha hiyo sauti ikatike. Nimeliandika ili ulione. Acha ikatike, nilisema, halafu tutakuwa sawa.

La pili ni dogo kuliko hilo ingawa wewe utaliona kubwa. Simu yako ilipokuwa kwa fundi, wale watu wa bendi ya Dar unaowaendea walituma ujumbe wa sauti kwenye simu yangu. Msichana mwenye kicheko, anasema wamekusikia, wanakutaka, anauliza kama mimi ni meneja wako. Niliusikiliza mara nyingi. Mimi hakuna aliyewahi kunitumia sauti ya kunitaka. Kisha nikaufuta. Siku tisa nilikupikia na kukutazama ukila, nikijua. Walipopiga tena ni baba yako aliyepokea, nawe ukawalaumu watu wa mtandao, ukasema mtandao wa Kasongo utakuua. Ni mimi niliyekuwa mtandao.

Baada ya kukusikia redioni nilikaa miezi miwili na mwanaume wako wa kaseti. Nilimchukia. Nilikuwa namwonea wivu mtu ambaye ni mimi, na siwezi kukueleza uchungu wake. Umempa heshima zote, umemwombea dua, na mimi niko hapa nakupakulia samaki. Nilitaka uje uniulize mwenyewe. Nilijipanga hata jibu la kukupa, lenye kuumiza. Hukuja, kwa sababu hukuwa na sababu ya kuja.

Wiki iliyopita nikamwuliza baba yako, tukiwa peke yetu dukani, kwa nini siku ile ya arusi kaseti haikurekodiwa mpaka mwisho. Nilimwuliza kwa ukali, kana kwamba ni kosa lake. Akaweka chini alichokuwa ameshika, akaniambia kwa ile sauti yake ya taratibu, "Ni mie nilimuambia ndugu yangu azime. Shehe alikuwa amemaliza. Nilitaka kidogo ibakie."

Nikamwuliza kidogo ya nini. Akasema, "Ya weye."

Zaina, alijua. Alikuwa anauza chumvi Salamabila mwaka ule, na wauza chumvi walikaa upande wa jiko, nje ya kamba kama sisi wanawake. Wachimbaji wote walikuwa wanatazama mbele. Yeye alikuwa nyuma, akaniona na mikro mkononi kati ya masufuria. Aliniambia, "Nilikuja kukuoa juu ya ile sauti. Halafu ukanyamaza. Nilizani umeichoka. Kaseti ulitoa weye mwenyewe, na niliijua, nilikuwa nimeiona kule; mie nilisema nini?"

Nilimkasirikia sana. Miaka yote hii nimenyamaza kwa ajili ya mtu aliyekuwa anangoja nipige kelele. Nikamwuliza, basi mtoto, kwa nini ulimwacha mtoto aamini ni mwanaume? Akanitazama kama mtu anayepima kama aseme. Kisha akasema, "Zaina aliniuliza, akiwa mudogo. Nilimuambia aende kuuliza mama yake. Akaenda. Akarudi akaniambia mama amesema ni mwanaume mumoja, kichaa ya kule Salamabila."

Nilikuwa nimesahau. Naapa nilikuwa nimesahau kabisa, kisha nikakumbuka yote kwa mara moja: wewe mlangoni mwa jiko, hapa hapa, gauni lako la shule limefunguka kifungo, ukaniuliza nani analia mwisho wa kaseti, na mimi bila kugeuka nikakujibu. Wewe ulibeba neno langu tu, ukakua nalo. Huyo mwanaume niliyekuwa namwonea wivu nilimzaa mimi, jikoni, nikikoroga ugali.

Sasa unajua. Kaseti nimeiweka ndani ya begi lako, imefungwa kwa kile kitambaa cha kijani. Baba yako amekubali. Usiiharibu kwa kuipiga sana, imezeeka kama mimi.

Kesho kutwa mtapita Salamabila. Usihangaike kulitafuta shimo letu, lilishafukiwa, na kamba za sasa ni za watu wengine. Dar sijui kamba zao wamezifunga wapi. Zitakuwepo. Atatokea mtu mwenye akili, tena anayekupenda, akuambie ubaki hapa nyuma kidogo, sauti yako itavuka kwa waya. Atakuwa na sababu nzuri. Lubunga alikuwa na sababu nzuri. Sitakuambia umjibu nini, kwa sababu mimi nilijibu vibaya mara mbili, mara ya kwanza kwa kukubali na mara ya pili kwa kunyamaza, na la pili ndilo lililonigharimu zaidi.

Kuhusu wivu wangu, usitegemee utakwisha leo kwa kuwa nimeuandika. Ukipanda jukwaani huko nami nikaona kwenye simu ya mtu, nitanuna. Nitasema umevaa vibaya. Baba yako atakuambia nimefurahi, naye atakuwa anasema kweli, lakini nitakuwa nimenuna pia. Nakupenda hivyo, sina namna nyingine. Kama unaweza kunisamehe la koo, nisamehe. La simu unaweza kulikasirikia muda mrefu, nitavumilia.

Na nina dai. Siombi, nadai. Wakikuuliza tena nani alikufundisha, usiseme mwanaume mmoja. Na usiseme tu mama yangu, maana mama ni wengi na wote wanafundisha kupika. Sema jina. Sema alikuwa anatwanga mawe Salamabila, aliimba nje ya kamba, na nyimbo zake zilikuwa na urefu wa maji.

Aliyeniponya mimi koo alikuwa bikizee mmoja mtwangaji ambaye hakuupenda muziki wetu hata kidogo. Alichoshwa na kukohoa kwangu. Akaniambia, "Weye unalia na shingo. Mchi iko inashuka, weye unavuta pumuzi, namna gani? Ikishuka, utoe. Utoe kutoka chini, sawa mutu anasukuma mutoto." Alinisimamisha kinuni siku nne bila kuniruhusu kusema neno, pumzi tu na mchi. Siku ya tano nikapiga kelele, koo halikuniuma, na halijaniuma tena. Nimejaribu juzi, shambani, nikiwa peke yangu. Sauti bado ipo, Zaina. Imekuwa nene kidogo, lakini ipo, na ni kubwa kuliko yako.

Hatuna siku nne. Tuna kesho asubuhi, baada ya sala, kabla pikipiki haijafika. Kinu nimeshakiosha, michi miwili iko ukutani, na mahindi yapo ya kutwanga ili majirani wasiseme tumerukwa na akili. Watasema tu. Shangazi zako watasikia mpaka kwao, na mwenye kutaka kuuliza aje aulize. Uje huna kitu tumboni. Nitakuonyesha mara moja, kwa sauti yote, halafu wewe utarudia mpaka nikubali.

Kisha panda pikipiki, nenda, ukawe wa pili.

Mama yako,
Feza wa Lusangi